Majembe Yasiyopita Motoni

Sehemu ya Tisa

"Unapiga muhuri, au nipige mimi?"

"Piga! Mvunje mkono, halafu uniambie muhuri utapigwa na nani. Na mama yako anajua unachofanya hapa?"

"Mwache mama yangu."

"Na wewe mwache mdogo wangu!"

Aliyekosa gazeti la wiki iliyopita asihangaike kuomba la jirani. Tulimwacha Mama Muhuri, mkaguzi wa forodha asiyecheka na mtu, akisukumwa ndani ya bohari chakavu mwendo wa dakika chache tu kutoka mpakani. Kitu cha kwanza alichokiona mle ndani kilikuwa mkono wa kulia wa mdogo wake wa kiume. Ulikuwa umebanwa ndani ya jiriwa, chuma kwa chuma, vidole vimejitokeza upande wa pili kama karoti. Juu ya vidole hivyo ilining'inia nyundo, na mwenye nyundo alikuwa Kisiki.

Kisiki mnamjua. Mfupi, mpana, hana shingo. Sura yake haijawahi kumwomba mtu samahani.

"Sikiliza, mama," alisema Kisiki, sasa kwa sauti ya mtu mwenye subira. "Mimi sielewi tatizo lako. Nchi mbili zimekaa mezani, zimekunywa chai, zimekubaliana. Kuanzia saa sita leo bidhaa ya huku inakwenda kule bila ushuru, ya kule inakuja huku bila ushuru. Mimi napeleka majembe. Wewe unataka kuwa mkali kuliko mkataba wenyewe?"

"Bidhaa ya huku, Kisiki. Iliyotengenezwa huku. Hayo mabati yako yameshuka melini kutoka ng'ambo, yakaingia nchini kwa karatasi za vyuma chakavu."

"Yana chapa ya kiwanda cha ndugu yako."

"Chapa mliyoiba!"

"Dada," alisema mdogo wake. Alikuwa mnyapara wa kiwanda cha kufua majembe, na asubuhi ile alikuwa amekuja kwenye bohari hili peke yake kuifuata chapa ya kiwanda iliyoibwa. Ujasiri wa kijinga, lakini ndivyo alivyo tangu utotoni. "Dada, usipige. Wakigundua kule kwamba majembe yenye chapa yetu ni takataka, watatufungia soko. Watu mia tatu..."

Nyundo ilishuka.

Kidole kidogo kilipasuka. Ukelele wa mnyapara uligonga mabati ya paa ukarudi chini, na popo wawili wakatoka mbio kwenye boriti.

Mama Muhuri hakulia. Alishika ukingo wa meza mpaka kucha zikamwuma. Huyu mtoto alimbeba mgongoni yeye mwenyewe, mama yao alipokuwa hospitali. Alimfundisha kufunga kamba za viatu. Sasa damu yake ilikuwa inatiririka kwenye mguu wa meza.

"Tumebaki na vinne," alisema Kisiki. "Halafu kuna mkono wa pili. Halafu kuna shingo. Wewe ndiye utakayechoka kwanza."

"Unataka nini hasa?"

"Nilishakwambia. Saa sita kamili tipa zangu tano ziwe mbele kabisa kwenye msafara wa ufunguzi. Bendi inapiga, mgeni rasmi anapunga mkono, hakuna mtu atakayefungua turubai mbele ya wageni. Wewe utasimama dirishani kwako kama kawaida, utatia sahihi cheti cha uasili, kwamba majembe haya yametengenezwa nchini. Utapiga muhuri. Utatabasamu."

"Mimi sikuzoea kutabasamu."

"Utajifunza."

"Cheti kinataka sahihi mbili. Yangu na ya Jirani."

Kisiki alicheka. Alitoa karatasi mfukoni, akaikunjua taratibu, akaiweka mbele yake.

Sahihi ya Jirani ilikuwa pale chini, mkia wake mrefu umejipinda vilevile anavyoupinda siku zote.

Jirani ni mkaguzi wa nchi ya pili. Tangu nchi hizi zilipoamua kuunganisha ofisi zao za mpakani, miaka tisa iliyopita, wawili hao wanakaa dirisha moja, meza moja, kalamu wanaibiana. Yeye anasema bidhaa imetoka wapi, Jirani anakubali kwa niaba ya kwao. Walikuwa wamekula mihogo kwenye sahani moja. Watoto wao wanaitana binamu.

"Jirani ametuuza," alisema Mama Muhuri kwa sauti ndogo.

"Amekuwa na akili," alijibu Kisiki. "Sasa zamu yako."

Hapo, msomaji, mtu mwingine angekata tamaa. Mama Muhuri alikasirika tu, na akikasirika huwa anafanya kazi. Alinyoosha mkono kwenye rundo la majembe lililokuwa kando ya meza, akachukua moja, akaligeuza mwangani.

"Nani kapiga chapa hii?"

"Inakuhusu nini?"

"Inanihusu kwa sababu hata nikipiga muhuri mara kumi, mtakamatwa kabla ya saa nane. Si mmenileta hapa kwa kazi yangu? Basi nisikilize."

Kisiki alisita. "Sema."

"Njoo uone. Kiwandani chapa inagongwa jembe likiwa bado jekundu, limetoka motoni. Ndipo linapoa, ndipo linapakwa rangi. Kwa hiyo rangi inaingia ndani ya herufi. Herufi zinakuwa nyeusi kama jembe lenyewe." Alisugua kwa kidole gumba. "Hizi zako zinameta. Mmegonga chapa juu ya rangi, chuma kikiwa baridi. Hata karani wa siku ya kwanza ataliona hili. Majembe elfu tano, na kila moja linapiga kelele kwamba ni la wizi."



Kisiki alichukua jembe, akalisogeza karibu na jicho. Akachukua la pili. La tatu. Kisha akageuka polepole kuelekea kona ya bohari, alipokaa mtu mwembamba mwenye ovaroli lenye madoa, katikati ya makopo ya rangi.

"Brashi."

"Bosi?"

"Njoo hapa."

"Bosi, wewe uliniambia nipige chapa. Hukuniambia kabla au baada. Yalikuja yamepakwa tayari! Ningefanyaje, niyabandue?"

"Nilikuuliza kama unaijua kazi."

"Kazi yangu mimi ni mabango! Milango ya maduka! Nilikwambia tangu..."

Mpini wa nyundo ulimpata mdomoni. Brashi alianguka chini na meno mawili yakamtangulia. Kisiki hakuishia hapo. Alimpiga teke la mbavu, la pili, la tatu, kama mtu anayejaribu kuwasha pikipiki, na kila teke alilisindikiza na neno. "Elfu! Tano! Mjinga! Wewe!"

"Utamwua," alisema Mama Muhuri.

"Nikimaliza atapaka." Kisiki alimnyanyua Brashi kwa ukosi wa ovaroli, akamkokota hadi kwenye makopo. "Mstari wa juu wa tipa ya kwanza, herufi zote, ndani kwa ndani. Una saa moja. Ukishindwa, nakubana kwenye hilo jiriwa, na sibani mkono."

Na hapa nitawaambia kosa la Kisiki, kwa sababu ni kosa la watu wengi wenye nguvu. Alimpiga mtu, halafu akampa kopo, halafu akamgeuzia mgongo.

Brashi alifungua kopo. Halikuwa la rangi. Lilikuwa la dawa ya kuyeyushia rangi, ile inayochoma pua ukiwa bado mlangoni.

"Bosi," aliita, mdomo umejaa damu.

"Nini tena?"

Kisiki aligeuka, na kopo zima likamwishia usoni.

Mlio aliotoa haukuwa wa binadamu. Nyundo ilimtoka. Mikono yote miwili ilikwenda machoni, akayumba, akapiga meza, makopo yakabiringika. Mama Muhuri alirukia jiriwa. Mpini wake ulikuwa umekazwa kwa nguvu za mwanamume, akaning'inia nao kwa uzito wake wote, na kwa mara ya kwanza maishani alishukuru kwamba hakuwahi kupungua baada ya mtoto wa tatu. Chuma kililegea. Mkono wa mdogo wake ukatoka.

"Kimbia!"

"Chapa, dada! Chapa iko mfukoni mwake!"

"Achana na chapa!"

Lakini Kisiki kipofu alikuwa hatari kuliko Kisiki mwenye macho. Alikuwa ametoa panga chini ya koti, akalizungusha huku na huku, akikata hewa, akikata turubai, akilifuata lile neno "chapa". Panga lilishuka mara moja tu mahali palipokuwa na mtu. Lilimpata mnyapara pajani.

Damu haikutiririka. Iliruka.

"Dada," alisema mnyapara, akashangaa, akakaa chini.

Mama Muhuri hakumbuki alilichukuaje jembe. Anakumbuka tu kulishika kwa mikono miwili, kulinyanyua, na kumshushia Kisiki kichwani kwa nguvu zake zote.

Jembe lilijikunja.

Wallahi lilijikunja, kama kadi ya mwaliko. Kisiki alisimama palepale, macho mekundu yamemtoka, halafu akaanza kucheka. "Mama! Hata wewe umepigwa na mali ya ng'ambo?"

Mama Muhuri alilitupa. Akaiokota nyundo sakafuni. Nyundo ile ilikuwa ya zamani, ya kufuliwa, na Kisiki hakuiona ikija. Ya kwanza ilimpata goti la kushoto, likakatika kama muwa. Alipoinama, ya pili ilimpata nyuma ya sikio. Akalala kifudifudi kwenye vipande vya mabati, akaacha kucheka.

Brashi alikuwa tayari ameshapanda dirisha. Mguu mmoja ndani, mguu mmoja nje, akamtazama Mama Muhuri.

"Mama, mimi nilikuwa napaka mabango," alisema, akatoweka.

Mtandio ulitoka kichwani, ukazungushwa pajani juu ya jeraha, ukakazwa kwa mpini wa brashi ya rangi. Mnyapara alipiga yowe, na hiyo ilikuwa habari njema. Maiti hawapigi yowe.

"Nitazame. Wewe! Nitazame mimi. Usifumbe macho."

"Nasikia baridi."

"Utasikia baridi ukifika. Simama na mguu mmoja, nitakuwa mguu wako wa pili."

Kila anayeishi pale mpakani anajua hesabu hii kwa moyo. Hospitali yenye chumba cha upasuaji upande huu iko mwendo wa saa mbili, barabara ya mashimo. Upande wa pili iko kilomita mbili tu kupita kizuizi. Wanawake wengi wa mji huu wamezalia nchi ya watu kwa sababu hiyohiyo. Paja likikatwa vile, mtu hana saa mbili.

Alimpekua Kisiki. Akakuta funguo za gari. Chapa nayo akaiona, akaiacha ilipo. Alikuwa na mikono miwili tu.

Nje tipa tano zilikuwa zimepangwa mstari mmoja chini ya ukuta, maturubai yamekazwa, bendera za karatasi za nchi zote mbili zimebandikwa kwenye vioo. Madereva wanne walikuwa wamekaa kivulini wakicheza karata. Ya kwanza ilikuwa ya Kisiki mwenyewe, haina dereva.

Walimwona mwanamke mwenye damu hadi viwikoni akimpandisha mwanamume mwenye damu hadi miguuni. Mmoja wao alisimama.

"Mama, kuna nini?"

"Ajali kazini. Tunawahi."

"Bosi Kisiki je?"

"Amelala."

Dereva aliwatazama wenzake. Amri waliyopewa ilikuwa moja tu na fupi: ya kwanza ikitoka, fuateni, msiache nafasi, msisimame. Walitupa karata.

Kabla hajaolewa, Mama Muhuri aliwahi kuendesha lori la kiwanda kwa mwaka mzima, na alifukuzwa kwa kumtukana meneja. Miguu yake ilikumbuka. Gia iliguna, ikaingia. Kwenye kioo cha pembeni aliona tipa nne zikijipanga nyuma yake moja baada ya nyingine, taa zimewashwa, kama wanaokwenda harusini.

"Wanatufuata," alisema mnyapara. Midomo yake ilikuwa imepauka.

"Waache. Ongea na mimi. Niambie kiwandani mmepika chuma kiasi gani wiki hii."

"Hatupiki chuma, dada. Tunafua."

"Haya, mmefua."

"Majembe elfu mbili. Ya kupeleka kule." Alimeza mate. "Tumesubiri mkataba huu miaka kumi na moja. Wazee wengine wamestaafu wakisubiri."

Muziki wa bendi uliwafikia kabla hawajaona watu. Kisha kona, na kituo chote kikajitokeza mbele yao: viti vya plastiki, mahema, wanafunzi na bendera, mgeni rasmi jukwaani, bendi ikimpigia chini kwa chini, akiwa kwenye ukurasa wa tatu wa hotuba na neno ushirikiano mdomoni. Katikati ya barabara kizuizi kilikuwa chini, kimefungwa utepe, kamba ya kukivuta juu ikining'inia pembeni. Kando yake lilikuwa dirisha. Nyuma ya dirisha alikuwa Jirani.

Watu walipoona tipa yenye bendera walipiga makofi. Walidhani msafara umewahi.

Mama Muhuri alisimamisha gari usawa wa dirisha, akashusha kioo.

"Fungua kizuizi. Mdogo wangu anakufa."

Jirani alitazama damu, akasimama ghafla hata kiti kikaanguka. "Nani kamfanyia hivi?"

"Rafiki zako. Walionunua sahihi yako."

"Sahihi gani?"

"Usinichezee leo, Jirani! Nimeiona. Mkia na kila kitu."

"Ile ya majembe? Mkuu wako kaniletea mezani asubuhi, akasema wewe umeshakubali, umekwenda kubadilisha nguo za sherehe. Akasema nitie, wewe utafuata." Jirani aliegemea dirisha. "Mimi lini nimewahi kusoma karatasi uliyokubali wewe? Na wewe lini umesoma niliyokubali mimi?"

Ilikuwa kweli. Miaka tisa. Mmoja akitia, mwenzake anatia akiendelea na hadithi ya watoto. Ofisi nzima iliwasifu kwa hilo. Foleni yao ilikuwa fupi kuliko zote.

Lakini neno moja ndilo lililomchoma. "Mkuu wangu?"

"Mimi," ilisema sauti upande wa pili wa gari.

Mkuu wa kituo alikuwa amepanda ngazi ya mlango wa abiria. Suti nyeusi, ua kifuani, tabasamu la wageni bado usoni. Mkono wake mmoja ulishika dirisha, karatasi iliyokunjwa katikati ya vidole. Mwingine ulikuwa ndani ya koti, na kitu kigumu kilichokuwa humo kiliegemea ubavu wa mnyapara.

"Usipige kelele, mama. Wageni wanatazama. Kisiki yuko wapi?"

"Kalala na majembe yako."

"Mjinga yule. Nilimwambia akutishe, sikumwambia achinje." Alimtazama mnyapara kama mtu anayetazama tairi bovu. "Huyu ana dakika ishirini. Labda kumi na tano. Kwa hiyo nitasema mara moja. Sheria unaijua kuliko mimi. Hakuna mzigo unaovuka bila cheti. Cheti hiki hapa, nakala ya pili. Piga muhuri, kizuizi kinapanda, unampeleka ndugu yako hospitali, msafara unakufuata. Jioni atakuwa amelala kitandani, unamlisha uji."

"Na nisipopiga?"

"Gari limekamatwa kwa ukaguzi. Ukaguzi unachukua siku tatu."

Mama Muhuri alitazama nyuma. Tipa nne zilikuwa zimembana, pua kwa mkia, kama walivyoagizwa. Kulia mahema. Kushoto ukuta. Hapakuwa na kurudi nyuma, wala njia ya pembeni, wala mtu wa kumbeba mgonjwa mikononi kilomita mbili kwa miguu akafika na damu ndani.

Alifungua mkoba ulioning'inia begani. Akatoa muhuri.

"Dada," alisema mnyapara. Alijaribu kunyanyua ule mkono uliopondwa, ukamshinda. "Dada, hapana."

"Nyamaza."

"Watu mia tatu."

"Mimi nina mdogo mmoja!" alifoka, na sauti ikampasuka katikati. Mgeni rasmi alinyamaza jukwaani. Bendi ikanyamaza. Wanafunzi wakashusha bendera.

"Taratibu," alisema Mkuu, akitabasamu kuelekea jukwaani. "Tabasamu, mama. Piga."

Mama Muhuri alikipokea cheti, akakiweka juu ya usukani. Akashika muhuri. Akausoma mstari wa juu wa cheti, ule anaousoma kila siku bila kuusoma: *Shehena iliyomo ndani ya gari hili.*

Akausoma tena.

Shehena iliyomo ndani ya gari hili.

"Jirani," aliita bila kugeuza kichwa. "Lori tupu linahitaji nini kuvuka?"

Jirani alipepesa macho. "Lori tupu? Halihitaji kitu. Linapita tu."

"Hata cheti?"

"Cheti cha nini? Cheti cha hewa?"

Mkuu alielewa nusu sekunde baada yake. Nusu sekunde ilitosha. Mama Muhuri aliutupa muhuri sakafuni mwa gari, akaukamata wenzo mwekundu kando ya kiti, akauvuta mpaka mwisho.

Injini ilinguruma. Nyuma yao bodi la tipa lilianza kunyanyuka.

"Zima!" alipiga kelele Mkuu. Tabasamu lilikuwa limekwisha. Alitoa bastola nje ya koti, waziwazi, mbele ya bendi na wanafunzi na mgeni rasmi. "Zima hilo gari, mwanamke!"

Mnyapara alikuwa amebakiwa na mkono mmoja na meno. Alivitumia vyote. Alimng'ata Mkuu kwenye kifundo cha mkono, akang'ang'ania kama mbwa, na risasi ya kwanza ikatoboa paa la gari.

Viti vya plastiki vilipinduka. Watu walilala chini. Turubai lilipasuka mkanda kwa mkanda, *pa, pa, pa*, na majembe yakaanza kushuka.

Yalianza machache. Halafu yakaja yote, tani nzima nzima, mngurumo wa mabati yakigongana, yakamwagika barabarani, yakaivunja taa na kioo cha tipa ya pili, yakamzingira dereva wake aliyekuwa akipiga honi kama kichaa. Hapakuwa tena na msafara. Palikuwa na mlima wa majembe mbele ya tipa nne, na juu yake bendera ndogo za karatasi za nchi zote mbili.

"Angalia ndani ya herufi!" Mama Muhuri alimpigia Jirani kelele. "Jirani! Ndani ya herufi! Halafu uwaonyeshe!"

Jirani alikuwa ameshatoka nje ya ofisi. Aliokota moja, akaligeuza. Alikuwa mkaguzi wa miaka mingi, hakuhitaji kuambiwa mara mbili. Aliona chuma kikimeta mahali palipotakiwa rangi. Akalitupa. Akatimua mbio kuelekea kamba ya kizuizi.

"Ukigusa hiyo kamba nakuua!" Mkuu aliung'oa mkono wake kwenye meno ya mnyapara, nyama ikabaki. Aliteleza kwenye ngazi, akaanguka chini, akapiga goti, akanyoosha bastola kwa mikono miwili. Haikuelekea tipani. Ilielekea mgongo wa Jirani.

Mnyapara aliporomoka kwenye kiti. Macho yake yalikuwa yamefumba.

"Wewe! Nitazame!"

Hakumtazama.

Mama Muhuri alimwona Jirani ameikamata kamba. Alimwona akianza kuivuta. Akasikia risasi ya pili, akaona shati jeupe la Jirani likibadilika rangi begani, na kamba ikimteleza mkononi. Kizuizi kilikuwa kimepanda kiasi cha dhiraa moja tu. Kikaanza kurudi chini.

Angeweza kushuka. Angeweza kumkimbilia mtu waliyekaa naye meza moja miaka tisa. Aliliona hilo lote, wazi, kama linavyoonekana gari linalokuja kukugonga.

Akaingiza gia.

"Lori tupu!" alipiga kelele, kwa nchi zote mbili, na akakanyaga mafuta mpaka mguu ukagusa bati.